Jicho la Mwenyeji: Nani Aliyewapiga Picha Mama Zetu?



Leo tunaomba mtuvumilie kidogo. Tumezoea kukutana hapa kuzungumza habari za singo, hina, piko na mapishi ya harusi. Safari hii tunataka kuzungumza habari za picha, lakini si za pozi wala za taa. Tunataka kuuliza jambo moja ambalo kila mwari anayefungua albamu ya ukoo wake hukutana nalo: mbona bibi zetu hawamo? Na pale walipo, mbona hawana majina?

Tuanzie Chwaka, kwa sababu huko swali hili linaonekana wazi zaidi kuliko mjini.

Chwaka iko upande wa mashariki wa kisiwa cha Unguja, kiasi cha kilomita 30 na kitu kutoka Mji Mkongwe, ukipitia Dunga. Ghuba yake ni pana na maji yake ni mafupi, na upande wa kusini imezungukwa na mikoko inayoungana na msitu wa Jozani. Maji yakipwa, hasa wakati wa bamvua, pwani nzima huwa uwanja wa kazi, na wengi wa wanaoshuka ni wanawake. Huyu anachokoa chaza na kombe, yule anafukua makumbi aliyoyachimbia mchangani miezi kadhaa nyuma ili yaoze, ayapige na kutoa usumba wa kusokotea kamba. Tangu mwisho wa miaka ya 1980, kilimo cha mwani cha kibiashara kilipoanza pwani ya mashariki ya Unguja, imeongezeka kazi ya kufunga mbegu kwenye kamba, kuzitandaza baina ya vijiti, kuvuna na kuanika. Hela ya mwani ndiyo iliyowatia watoto wengi madaftari mkononi. Ndiyo pia iliyomwezesha mama kununua kitanda au kabati la binti yake bila ya kumsubiri mtu.

Sasa tafuteni picha ya kazi hizo ya miaka 60 au 80 iliyopita, yenye jina la mwanamke aliyemo. Ni kazi ngumu kweli kuipata. Mwani una picha nyingi kwa sababu ulikuja zama za kamera nyingi, na wageni wanaupenda. Makumbi na kamba, ambazo ni kazi kongwe zaidi, zilizofunga mitepe na majahazi na kusuka vitanda vya nyumba zetu, zimeachiwa kumbukumbu za vichwani. Kila tukimzika bi mkubwa mmoja, kumbukumbu hizo hupungua.

Sababu ya hali hii tunaiona katika historia ya kamera yenyewe ilivyoingia visiwani.

Kamera ilikuja na jahazi la mgeni

Ufundi wa kupiga picha ulitangazwa rasmi huko Ufaransa mwaka 1839. Haukuchelewa kufika kwetu. Kapteni Charles Guillain wa jeshi la majini la Ufaransa alizunguka pwani ya Afrika Mashariki kati ya 1846 na 1848, Sayyid Said bin Sultan akiwa bado hai, na msafara wake ulipiga picha za watu na miji ya pwani kwa mtindo wa zamani wa bamba la madini. Hizo ni miongoni mwa picha za mwanzo kabisa za upande wetu huu wa dunia. Mwaka 1860 akaja James Augustus Grant, akiandamana na John Hanning Speke katika safari ya kutafuta chimbuko la mto Nile. Alipiga picha hapa Unguja kabla ya kuvuka bara, na huko bara akaiacha kamera na kuchora kwa mkono.

Watu hawa hawakuja kutupigia sisi. Walikuwa wakikusanya habari za kupeleka kwao: watu wa huku wamefananaje, wanavaa nini, soko liko vipi. Mtu katika picha zao alikuwa mfano wa kabila au wa kazi. Jina lake halikuwa na haja.

Maduka ya picha ya mjini

Nusu ya pili ya karne ya 19 mambo yalibadilika kidogo. Wapiga picha wenye asili ya Goa walifungua maduka Unguja. A. C. Gomes ndiye anayejulikana zaidi, na baadaye wakaja ndugu wa Coutinho. Hawa walikuwa wakaazi. Walipiga masultani na wakubwa wa serikali, lakini mlango wao ulikuwa wazi kwa yeyote mwenye pesa ya kulipa.

Hapo ndipo mama zetu walipoanza kuonekana kwa hiari yao, na tunaomba msomaji azingatie wakati wenyewe. Soko la watumwa la Unguja lilifungwa mwaka 1873. Utumwa ulifutwa kisheria Unguja na Pemba mwaka 1897, na masuria waliachwa nje ya sheria ile hadi 1909. Katika miaka hiyo hiyo kanga zilikuwa zikienea, na baada ya karne kugeuka buibui nalo likasambaa kwa wanawake wa kila hali, si wa nyumba kubwa peke yao. Mwanamke ambaye mama yake alikatazwa kujifunika kichwa mbele ya bwana wake sasa alinunua doti yake, akajitanda, akavaa na vipini vyake. Kusimama mbele ya kamera na nguo mpya ilikuwa ni kusema kwamba mimi ni mtu huru, nitazameni.

Lakini kulikuwa na upande mwingine. Mwanzoni mwa karne ya 20 biashara ya kadi za posta ilipamba moto, na picha zilizopigwa madukani mwa mjini zilichapwa na kuuzwa kwa abiria wa meli. Chini yake pakaandikwa kwa lugha za kigeni maneno kama "mwanamke wa Kiswahili" au "warembo wa Zanzibar". Alikuwa nani, binti wa nani, alilipwa au alilipa, alijua kwamba sura yake itafika Ulaya kwa stempu? Kadi haisemi. Kadi nyingi za aina hiyo zimo leo katika makumbusho na mikononi mwa wakusanyaji duniani, na yamkini mmoja wa wanawake wale ni nyanya wa msomaji wetu mmoja, asijue kamwe.

Hatulitaji hili ili kulaumu waliokwisha tangulia. Tunalitaja kwa sababu linafanana mno na ya leo, kama tutakavyoona mbele.

Oza na baiskeli za mjini

Mwaka 1930 Ranchhod Oza, aliyezaliwa 1907 na mwenye asili ya Gujarati, alifungua Capital Art Studio mjini Unguja. Duka hilo, katika barabara inayoitwa leo ya Kenyatta, wengi wetu tumelipita tukielekea Shangani. Alipiga sherehe za ufalme, harusi na picha za familia. Lakini kilichofanya jina lake lidumu ni kwamba alitoka nje ya duka. Alipiga vichochoro, bandari, majahazi, watoto, wachuuzi. Katika picha zake za miaka ya 1950 baiskeli zimejaa kila mahali, hata wataalamu wa historia wameziandikia makala peke yake: nani anaendesha, nani amepakiwa, nani ameegemeza yake ukutani na kusimama kwa mikogo.

Kwa nini mtu ahangaike na baiskeli? Kwa sababu picha ya sherehe inatuonyesha mambo jinsi wakubwa walivyotaka yaonekane, na picha ya mtu na baiskeli yake inatuonyesha siku ilivyokuwa. Kwayo tunajua barabara ilikuwaje, nguo gani ilikuwa ya kawaida, mizigo ilibebwaje. Baada ya Mapinduzi ya Januari 1964 wafanyabiashara wengi wenye asili ya Kihindi waliondoka visiwani, lakini duka la Oza lilibaki. Mwanawe, Rohit Oza, aliishika kazi kuanzia miaka ya 1980, na mzee mwenyewe alifariki mwaka 1993. Ukuta wa duka lile umekuwa daftari la mji.

Hata hivyo daftari lile lina kurasa tupu. Oza alikuwa mwanamume na alikuwa wa mjini. Uani, jikoni, chumba cha mwari, kesha la wanawake, hakuingia na hakustahiki kuingia. Na Chwaka ilikuwa mbali na barabara yake. Kwa hiyo tuna picha nyingi za baba zetu wakiwa kazini na mitaani, na picha chache za mama zetu, nyingi zao wakiwa wamekaa rasmi mbele ya pazia.

Mtu wa Lamu asiyefunzwa na mtu

Tuvuke sasa mpaka Lamu, kwa ndugu zetu. Huko alizaliwa mwaka 1932 Omar Said Bakor, ambaye hakwenda chuo cha picha wala hakukaa chini ya fundi. Alijifundisha mwenyewe. Kwa miaka alikuwa mpiga picha wa kutembea, kamera begani, akiwafuata watu walipo. Baadaye, katika miaka ya 1960, akafungua duka lake hapo hapo Lamu, Bakor Studio.

Kutokufunzwa kulimpa mambo mawili. La kwanza ni uhuru wa mkono. Bakor alikata picha kwa mkasi, akazipanga upya, akazipiga tena, sura ya mtu ikachomoza katikati ya ua au ikazungushiwa mapambo. Ukizitazama utakumbuka nakshi za milango na mapambo ya kuta za Lamu. Hakuna mwalimu wa Ulaya ambaye angemfundisha hivyo. La pili, na kwetu sisi ndilo kubwa zaidi, ni kwamba aliwapiga majirani zake. Aliishi nao, alisali nao, watoto wao walicheza pamoja. Mpiga picha wa namna hiyo anajua lipi lipigwe na lipi lifunikwe, na akikosea atakutana na mwenye picha sokoni kesho yake.

Bakor naye alifariki mwaka 1993, mwaka ule ule aliofariki Oza. Miaka mitano baadaye, mwaka 1998, kazi zake zilionyeshwa huko Munich, Ujerumani, katika maonyesho makubwa ya wapiga picha wa madukani wa Afrika. Mtu aliyejifundisha kwa kujaribu na kukosea akawa anatazamwa na wageni kama mwalimu.

Na dini inasemaje?

Hili hatuwezi kulipita, kwa sababu ndilo lililoamua mama zetu wapigwe au wasipigwe.

Hadithi za kukemea wachoraji wa viumbe vyenye roho zinajulikana. Kamera ilipokuja, maulamaa walijiuliza: je, hiki ni kitendo kile kile? Sheikh Muhammad Bakhit al-Muti'i, aliyekuwa Mufti wa Misri kuanzia 1914 hadi 1920, aliandika risala kujuzisha. Hoja yake ni kwamba kamera haiumbi wala haiigi umbo, bali inakizuia kivuli kwa njia inayojulikana, kama kioo kinavyokipokea. Wengine hawakukubali. Sheikh Abdulaziz bin Baz wa Saudia, aliyefariki 1999, alishikilia katazo isipokuwa kwa dharura, mfano kitambulisho na pasi ya safari. Kwa ajili hiyo wako bibi zetu wengi ambao picha yao pekee duniani ni ile ya pasi ya Hijja au ya kitambulisho.

Sisi si mamufti, na anayetaka hukumu amuulize sheikh wake. Tunachotaka kusema ni kwamba wanawake wa pwani hawakungoja mjadala uishe. Walitafuta njia ya kuwa na picha bila ya kuvunja sitara. Katika miaka ya kati ya karne iliyopita, sinema za Unguja na Mombasa zilikuwa na maonyesho ya wanawake peke yao, na buibui zikajaa ukumbini. Picha za harusi zilipigwa, kisha zikafungiwa ndani ya kasha, zikatolewa kwa mashoga na jamaa tu. Mikanda ya video ilipoenea, miji ya pwani ilitoa wanawake wapiga video wa sherehe za wanawake, na mkanda ukawa na masharti: usitoke nje ya nyumba, usitazamwe na wanaume. Wengi wa wanawake hao nao walijifundisha wenyewe. Alianza na kamera aliyoletewa na kaka kutoka Dubai au Muscat, akapiga harusi ya binamu, akaitwa na jirani, ikawa kazi.

Kwa maneno mengine, mama zetu walikuwa na kanuni zao za picha kabla ya mtu yeyote kuandika sheria: kujua nani anapiga, kujua nani atatazama, na picha ibaki kuwa amana. Tumefundishwa kuwa ya barazani ni amana. Wao waliona na ya kambani ya harusi ni vivyo hivyo.

Zama za simu

Leo kila mmoja wetu ni Bakor. Simu iko mkononi, hakuna haja ya chumba cha giza wala ya kusafisha filamu. Tamasha la filamu la nchi za jahazi, linalofanyika Unguja tangu 1998, limekuwa na ratiba za kupeleka filamu vijijini na za wanawake, na vijana wetu wanatengeneza filamu fupi za maisha ya kawaida bila ya kukanyaga chuo cha sinema.

Lakini tatizo la kadi za posta limerudi, tena kwa kasi. Bi harusi amepambwa ndani ya ukumbi wa wanawake, kichwa wazi, mabega wazi, kwa kuwa amejua yuko na mashoga. Kabla ya kesha kwisha picha yake imo kwenye simu za watu asiowajua. Mama wa Chwaka ameinama anafunga mwani, maji kiunoni, nguo imemganda, na mgeni wa hoteli anampiga bila ya kumpa hata salamu. Kesho yumo kwenye tangazo la safari, hana jina, kama yule wa 1905. Tofauti ni kwamba kadi ilifika kwa meli, na hii inafika kabla hajanyanyua mgongo.

Wapo wanaosema dawa ni kutopiga kabisa. Tunaiheshimu rai hiyo. Lakini tukiacha wote, kamera hazitazimika. Watabaki kupiga wale wasiotujua, na wajukuu zetu watatusoma kwa macho yao. Historia tuliyoieleza ndivyo ilivyokwenda. Palipokosekana mwenyeji, mgeni alijaza nafasi.

Kwa hiyo tunawaomba, hasa nyinyi mabinti mnaoolewa mwaka huu, mambo machache.

Mkichagua mpiga picha, chagueni mwanamke mnayemjua, na mkubaliane mapema, kwa maandishi ikibidi, picha zipi anaweza kuonyesha katika kazi zake na zipi ni za nyumbani. Wekeni mtu mlangoni wa kukusanya simu. Hakuna ubaya katika hilo. Ni kumlinda mwenye shughuli.

Tena, msipige ukumbi tu. Kabla ya siku ya harusi, kaeni na bibi. Mwombeni ruhusa, akikataa basi. Akikubali, mpigeni akisuka ukili, akisokota kamba, akisaga liwa, akikupangia asumini kikubani. Hata mikono peke yake inatosha, kama hapendi uso utoke. Mrekodini akieleza makumbi hukaa mchangani muda gani na hujuaje kama yameiva. Elimu hiyo haimo katika kitabu cha skuli.

Halafu andikeni. Nyuma ya picha, au kwenye jina la faili: fulani binti fulani, wa mtaa gani, Chwaka, mwezi na mwaka. Dakika moja ya kalamu ndiyo inayomtofautisha nyanya na "mwanamke wa Kiswahili". Na picha za zamani zilizomo ndani ya makasha, zitoeni mkae na wazee waliobaki, muulize mmoja mmoja ni nani. Wazee hao hawaongezeki.

Mwisho, kwa mabinti wenye mkono wa kamera ambao wanaona haya kwa kuwa hawakusoma: mtu wa Lamu hakusoma. Alianza na majirani, akawajua, wakamjua. Chwaka, Uroa, Marumbi, Paje, kote kuna kazi za mama zetu zinazosubiri jicho la mwenyeji, jicho linalosalimia kwanza na kuomba ruhusa kabla ya kupiga.

Tunamwomba Allah Subhaanahu wa Ta'ala awarehemu mama na bibi zetu waliotangulia, wenye picha na wasio na picha, wale ambao majina yao tunayajua na wale ambao anayajua Yeye peke yake. Awasitiri maharusi wetu, na atujaalie tuwe waaminifu wa amana tuliyoikuta. Aamin.

Wassalaam.